Mbeba Sinia Haandikwi

Hapana, hakuiba. Nani kakwambia aliiba? Mama yako hajawahi kuiba hata kijiko cha mtu. Lile jina alipewa, na aliyekwenda kuliomba ni mimi babu yako, kofia mkononi. Sogea huku, moshi unakufuata. Nitakueleza yote, maana naona mama zako wadogo wamekueleza nusu, na nusu ya habari ni mbaya kuliko uongo mzima.

Nchi ya Malangoni umeshaisikia. Njia ya kwendea usiniulize. Tulikwenda, tukachoka, tukafika, safari zote ziko hivyo. Mimi nitakwambia niliyoyaona, na yale nisiyoyaelewa nitakwambia hivyo hivyo bila kuyaelewa, kwa sababu shule niliishia darasa la tatu, na hilo la tatu lenyewe mwalimu alikuwa mgonjwa.

Ukifika Malangoni kitu cha kwanza unaona mlango. Sio nyumba, mlango. Fremu ya mninga, bawaba nne, komeo la chuma, umesimama peke yake katikati ya uwanja. Ukuta hakuna. Kulia nyasi, kushoto nyasi. Mbuzi wanapita pembeni kwenda kula, wakishiba wanarudi. Mimi nimekuwa seremala tangu sijaota ndevu, nimetengeneza milango sijui mingapi, lakini mlango usio na ukuta sijawahi kuagizwa. Na kazi ilikuwa nzuri, siwezi kuwasingizia. Bawaba hazilii hata kidogo.

Nikamuuliza mzee mmoja kwenye foleni, "Ndugu yangu, mbona watu hawazunguki?"

Akanitazama kama nimemtukania mkwe. "Wanaozunguka ni mbuzi," akasema.

Baadaye ndio nikaelewa. Kule sheria inasema aliyezunguka hajafika. Unaweza kusimama mbele ya nyumba ya ndugu yako, ukabisha hodi mpaka mkono uvimbe, hakuna wa kukwambia karibu. Watakutazama katikati ya macho na hawakuoni. Hujafika. Ukifa hapo, kuzikwa utazikwa na mbuzi.

Sasa milango yenyewe iko miwili, inatazamana na njia moja. Kuna Mlango Mpana, huo ni wa watu wote. Pale unavuliwa viatu, unaulizwa umekula nini jana na nani alipika, unapekuliwa mpaka pindo la shati. Watu wanamaliza siku nzima. Na kuna Mlango Mwembamba, huo ni wa Waaminifu. Mwaminifu anacho kibao cha mti mweupe, saizi ya kiganja, kimechongwa jina lake. Anaonyesha kibao, anabonyeza vidole kwenye wino, anapita, hata salamu haijaisha. Kukipata hicho kibao unachunguzwa mwaka mzima. Mama yako alikuwa nacho. Alikuwa anapeleka vitenge kule na kurudi na asali, miaka kumi na miwili, na hakuna siku hata moja aliyovuliwa kiatu.

Ila kibao kiliandikwa Elieshi.

Ngoja, usikimbilie mbele. Turudi nyuma kidogo.

Dada yangu Nakiete, yule mkubwa wangu, aliolewa Malangoni na Bwana Kalaghe. Wakazaa binti mmoja tu, Elieshi. Wakamleta kwangu asome, kwa sababu kule mtoto anamaliza nusu ya siku kwenye mlango wa darasa. Elieshi na mama yako walilala kitanda kimoja, nilikichonga mwenyewe, na walikuwa wanagombania upande wa ukutani kila siku. Elieshi mwembamba, anacheka kwa pua. Mama yako alimtangulia darasa moja. Akafanya mtihani wa darasa la saba, akafeli. Siku zile ukifeli umefeli, kurudia kwa jina lako haikuwa ruhusa. Kwa hiyo watu walitafuta jina jingine. Usikunje uso. Pale kwetu walikuwepo wengi wanaokaa kwenye madawati kwa majina ya wenzao.

Mwaka huo huo Elieshi alikuwa amepata uhamisho, aende akaanze la saba shule ya mbali. Karatasi imeshagongwa muhuri, ipo juu ya kabati. Wiki moja kabla shule hazijafunguliwa akashikwa na homa. Siku tatu. Jeneza nililichonga mimi, kwa mbao za kabati la mteja.

Dada yangu alikuja kuzika. Siku ya pili yake nikamfuata jikoni, nikavua kofia. Nikamwambia, "Dada, ile karatasi ipo, na mtoto wa kuitumia yupo."

Alikuwa anaosha sufuria, akaendelea kuiosha, imeshatakata zamani. Akasema, "Chukua. Basi na kilio nikifunge, maana siwezi kumlilia mtu anayekwenda shule."

Tukanyamaza wote. Matanga hayakukaliwa. Kaburi halikuwekwa kibao. Mimi fundi, mbao ninazo, patasi ninayo, lakini ningeandika nini? Jina lilikuwa darasani.

Ndivyo ilivyokuwa, miaka ishirini na sita. Mama yako akafaulu kwa jina hilo, akafanya biashara kwa jina hilo, na kibao cha Uaminifu akakipata kwa jina hilo. Nyumbani Namkunda, nje Elieshi. Akiitwa lolote anaitika.

Kilicholeta mambo ni siku moja ya soko kule Malangoni. Dada yangu ameshazeeka, anachagua maharage. Nyuma yake karani wa mlango akapaza sauti, "Elieshi! Elieshi, umesahau mwamvuli!" Dada akageuka haraka mpaka maharage yakamwagika. Akamwona mama yako anakuja mbio, anaitika, "Abee!" Akainama kuokota maharage. Mwezi uliofuata akaleta ujumbe: nimechoka, nataka mwanangu afe sasa. Nirudishieni jina lake.

Mama yako hakubisha. Alikwenda mahakamani, akala kiapo, akaeleza yote, akapewa hati yenye muhuri mwekundu: aliyekuwa akiitwa Elieshi sasa ni Namkunda. Dada akapanga siku, Alhamisi, ndugu wote wakusanyike kwake kuanua matanga yaliyolala miaka yote hiyo. Akaweka sharti moja. Jina liletwe na aliyelivaa, na aliyeliomba awepo. Na siku hiyo, mpaka jina lifike, yeye hataweka chakula mdomoni. Sisi tukasema sawa, Alhamisi asubuhi tutakuwa hapo, mama yako ni Mwaminifu, atapita kabla hujapepesa.

Sasa ndio tumefika mlangoni. Leta hicho kigoda, goti langu hili likikaa chini sana halinyanyuki.

Pale Mlango Mwembamba kulikuwa na karani anaitwa Tundizi, mtu mrefu, bega moja limeshuka. Anamjua mama yako vizuri, ndiye yule wa mwamvuli. "Elieshi, karibu, leo umekuja na mzee?" Mama yako akamwambia, "Kaka Tundizi, leo siitwi hivyo tena. Nimebadili jina kwa sheria, hati hii hapa. Naomba mnirekebishie kwenye daftari." Akaweka na kibao mezani.

Tundizi akasoma hati, akasoma kibao, akasoma hati. Kicheko kikamfutika usoni kama maandishi ya ubaoni. "Bonyeza vidole," akasema. Mama yako akabonyeza. Tundizi akafungua daftari. "Vidole hivi ni vya Elieshi."

"Ndiyo, ni vyangu."

"Wewe ni nani?"

"Namkunda."

"Sasa Namkunda, vidole vya Elieshi umevipata wapi?"

Nikadhani anatania. Nikacheka. Nilicheka peke yangu.

Akatueleza kwa upole, maana ukali hana. Kurekebisha daftari ni dirisha namba mbili. Dirisha namba mbili liko ndani. Ndani kunaingiwa kwa Mlango Mwembamba. Mlango Mwembamba ni wa mwenye kibao kinacholingana na hati. "Basi apite Mlango Mpana kama mtu yeyote," nikasema. Nayo haiwezekani. Mlango Mpana ni wa mtu asiyejulikana, na vidole vyake vinajulikana, ni vya Mwaminifu. Mtu asiyeaminika mwenye vidole vya mtu anayeaminika, hilo halina mlango.

"Na mimi?" nikauliza.

"Wewe mzee pita tu Mpana." Jina langu halijawahi kubadilika, wala halijawahi kuaminika, kwa hiyo halikuwa na tatizo. Lakini ningekwenda wapi bila mama yako? Nikakaa.

Upande wa pili wa mlango, hatua kama tano hivi, alikuwa amesimama shemeji yangu Kalaghe, amekuja kutupokea. Tunaonana wazi, si nimekwambia ukuta hakuna? Kuongea ni ruhusa, maneno hayana kibao. Kupeana kitu mkononi marufuku.

"Shemeji," akaniita, "mbona mmesimama?"

"Wanasema vidole sio vyake."

Akatikisa kichwa, yeye ni mzaliwa wa pale, hakuona ajabu. "Basi fanyeni haraka. Sufuria limeshaiva tangu alfajiri. Watu arobaini wako uani, hakuna anayegusa, dada yako hajala."

Alhamisi ikapita. Tukalala kwenye banda la wasubiri, na wasubiri ni watu wazuri sana, walitupa mkeka. Kuna mama pale aliolewa, akachukua jina la mume, ana mwaka wa pili. Akamwambia mama yako, "Mwenzangu, mimi nilitaka kuachana na bwana nirudie jina langu nipite. Wakasema nikiachana nitakuwa nimebadili mara mbili."

Ijumaa asubuhi nikaona jambo. Tundizi alitoka ofisini na sinia kubwa la bati begani, sinia la harusi lile, limejaa vibao. Akapita nalo Mlango Mwembamba, taratibu, mlinzi akapiga saluti, akaliweka kwenye meza upande wa pili. Hivyo vibao ni vya Waaminifu wasiokuwepo. Kule, kibao kikiachwa ofisini siku tatu bila kupita mlangoni, uaminifu wa mwenyewe unapoa. Sasa walioko safari, walioko kitandani, na waliokufa, vibao vyao vinapitishwa kila asubuhi na kurudishwa kila jioni ili majina yabaki moto. Waliokufa ndio wengi. Tundizi alisema ndio wanachama bora kabisa: hawahami nyumba, hawaolewi, hawabadiliki.

Na juu ya sinia, pembeni, nikakiona kibao cha Elieshi. Maana mama yako alikitoa, wakasema basi mwenyewe hayupo, wakakipanga na wasiokuwepo.

Jina likapita. Mama yako amekaa kwenye mkeka anatazama jina linapita. Kalaghe naye upande wa pili anatazama. Akasema polepole, "Leo amekunywa maji tu. Uji ameukataa."

Nikasimama. Nikamwambia Tundizi nataka kuonana na mkubwa wake. Nilidhani watanifukuza, lakini Malangoni kitu wanachopenda kuliko asali ni kesi. Mchana wake wakaweka baraza pale pale kwenye nyasi, meza moja, watu watatu. Mkuu ni Bibi Lukindo, mtunza daftari, mama wa makamo, kilemba kimefungwa vizuri, sauti ya mtu anayewasomea wagonjwa dua. Kulia kwake mzee wa mvi, kushoto kijana wa miwani.

Yule mzee akaanza. "Mimi nasema, anayebadilika ana sababu ya kubadilika. Mwanachama namba tisa yuko nasi miaka thelathini, hajabadilika hata herufi."

"Ni nani huyo?" nikauliza.

"Ni jiwe," Tundizi akaninong'oneza. Kumbe zamani kulikuwa na upepo, karani mmoja akaweka jiwe juu ya daftari lisifunuke, karani wa zamu ya jioni akadhani linasubiri kuandikwa, akaliandika. Lilipochunguzwa mwaka mzima halikukutwa na kosa.

Kijana wa miwani akasema, "Mimi siko mbali na mama huyu. Tunaweza kumsaidia. Elieshi aje mwenyewe athibitishe kwamba amempa Namkunda vidole."

Bibi Lukindo akakubali kwa kichwa. "Hilo ni la haki. Elieshi yuko wapi?"

Mama yako akanitazama. Na mimi nikatazama zile nyasi.

Mjukuu wangu, kuna maneno nilikuwa sijayasema kwa sauti miaka ishirini na sita. Hata kwa bibi yako. Nikavua kofia, ile ile, nikasema, "Elieshi alikufa. Alikuwa na miaka kumi na minne. Jeneza nilichonga mimi. Jina nililiomba mimi kwa mama yake ili binti yangu asome, na mama yake yuko hapo nyuma ya mlango wenu, leo siku ya pili hajala."

Nilitegemea baraza litashtuka. Nilijiandaa hata kwa pingu. Bibi Lukindo akafunua daftari, akapitisha kidole.

"Amekufa lini?"

Nikamtajia mwaka.

"Haiwezi kuwa," akasema kwa huruma. "Amepita hapa mara mia nne na kumi na saba tangu hapo. Asubuhi hii amepita. Mzee, msiba unachanganya watu."

Mama yako akasimama. Unamjua mama yako akisimama. "Bibi mkubwa, nisikilize. Nilipokuja na jina la kuazima mlinifungulia miaka kumi na miwili, mkanikimbilia na mwamvuli. Leo nimekuja na langu, nimeapa, nimesema kweli yote, mnanifungia. Ni haki gani hiyo?"

"Ni haki ya kawaida," Bibi Lukindo akajibu. Hakukasirika. "La kuazima tulikuwa tumelizoea."

Ndugu wa kwenye foleni wakapiga makofi, waliona ni jibu zuri. Na kweli lilikuwa limekaa vizuri, nisiwasingizie.

"Basi lifuteni," mama yako akasema. "Mimi sitaki mnipe kitu. Kibao cha Elieshi kifuteni tu, nimpelekee mama yake."

Hapo wakainamiana. Wakabishana mpaka kivuli cha mlango kikaangukia upande mwingine. Mzee wa mvi alisema jina aminifu halifi. Kijana alisema linaweza kufa likiomba lenyewe. Mwisho Bibi Lukindo akasoma hukumu: jina aliyelitoa ndiye pekee anayeweza kulifuta, kwa dole gumba lake, akiwa amekishika kibao mkononi.

"Aliyelitoa hawezi kutembea," nikasema. "Ana njaa."

"Basi kibao kiende kwake. Majina yanasafiri kwa sinia, hilo lipo kwenye sheria. Ila Tundizi kazi yake inaishia kwenye ile meza. Zaidi ya hapo atafutwe mbebaji." Akafunga daftari, maana jua lilikuwa limepungua na kule hawafanyi kesi ya taa.

Jumamosi asubuhi Tundizi anatoka tena na sinia. Bega lile lililoshuka limezidi kushuka kwa uzito. Mama yako hakulala vizuri, nilimsikia akigeuka geuka. Akamwendea, Bibi Lukindo ndio kwanza anakaa kwenye kiti chake.

"Kaka Tundizi, wewe kibao chako kiko wapi?"

"Changu?"

"Unapita hapa kila siku. Wewe ni Mwaminifu?"

Tundizi akasimama katikati ya njia na sinia lake. "Mimi niliomba, zamani. Walinikataa, mama yangu alinibatizisha mara mbili, majina mawili." Akafikiri. "Miaka kumi na tisa napita. Sijawahi kuulizwa jina."

Mama yako akamgeukia Bibi Lukindo. "Bibi mkubwa, mbeba sinia anaandikwa ukurasa gani?"

Bibi Lukindo akafungua daftari. Akalifungua mwanzo, akalifungua mwisho. Akamwita mzee wa mvi, naye akaangalia. Kijana akavua miwani, akavaa. Foleni yote inanyoosha shingo, hata mbuzi unawasikia wanatafuna.

"Mbeba sinia haandikwi," Bibi Lukindo akasema mwisho. Ilimwuma kidogo, nadhani, lakini alikuwa mtu wa kweli. "Wala vidole vyake havibonyezwi. Vimeshika sinia."

"Basi mbebaji ni mimi."

Hakuna aliyepata kifungu cha kumkatalia. Tundizi akapita hadi ile meza ya upande wa pili, akapanga vibao vingine vyote juu yake kwa heshima, akarudi na sinia lenye kibao kimoja tu. Akamkabidhi na karatasi ya dole gumba na kidau cha wino. Akamwambia kwa sauti ndogo, "Elieshi, sinia nalihitaji kesho." Halafu akajishika mdomo. "Namkunda. Nisamehe."

"Nitalileta," mama yako akasema. "Nikirudi nitapita Mlango Mpana, mtanivua viatu."

"Tutakuvua," Tundizi akasema, na alikuwa na huzuni kabisa.

Mama yako akaliweka sinia kichwani, hakuliweka begani. Akapita mlangoni, mlinzi akapiga saluti, sio kwake, kwa kibao. Mimi nikapita Mpana, watu wa foleni wakanipisha mbele, walinzi wakakuta randa kwenye mkoba wangu wakaniuliza kile chuma chake ni cha nini, yakaisha. Nilipotokea upande wa pili Kalaghe alikuwa analia huku anacheka, na mama yako hakumsubiri mtu, alishaanza kutembea.

Uani kwa dada yangu watu wamejaa. Makande yamepashwa moto siku ya tatu, maharage yamevunjika yamekuwa uji, harufu yake mpaka barabarani. Watoto wamelala kwa njaa mapajani mwa mama zao. Hakuna aliyesema wapakue. Dada yangu amekaa kwenye kiti kirefu, amejifunika kanga, amepungua, macho tu.

Mama yako akapiga magoti na sinia. "Shangazi, shikamoo. Nimekuja kukirudisha."

"Marahaba." Akanitafuta mimi kwa macho, akaniona nyuma. "Na wewe umekuja."

"Nimekuja, Dada."

Akakichukua kibao. Kusoma hajui kabisa. Akakipapasa zile herufi kwa kidole, moja moja. Akamwuliza mama yako, "Limeandikwaje?"

"Limeandikwa Elieshi."

Dada akanyanyua uso. Akaita, sio kwa nguvu, kama mtu anayemwita mtoto aliye chumba cha pili. "Elieshi."

Watu wote uani wakamgeukia mama yako.

Nikamtazama mama yako. Mdomo ulifunguka, nakwambia, miaka ishirini na sita mdomo umezoea. Akaufunga. Akainamisha kichwa.

Dada akangoja. Akaita tena. Hakuna aliyeitika. Akaita mara ya tatu, na hapo sauti ikakatika, akalia. Alilia kile kilio alichokifunga jikoni kwangu na sufuria mkononi, na wanawake wote wakampokea, na mimi mtu mzima nikageukia ukutani. Kule kwake ukuta upo.

Alipomaliza alipangusa uso kwa kanga. Akachovya dole gumba kwenye wino, akabonyeza karatasi. Kibao akanipa mimi. "Ukifika nyumbani kakipigilie pale anapolala," akasema. "Misumari mizuri, sio ile yako ya kuokota."

Ndicho kile unachokiona nyuma ya ghala, kile ulichoniuliza. Misumari nilinunua.

Halafu akamtazama mama yako, bado amepiga magoti. "Namkunda, utakaa hapo chini mpaka lini? Watu wana njaa."

"Vyombo havitoshi, shangazi."

"Na hilo ulilobeba?"

Wakaliosha lile sinia mara mbili, wakalikausha kwa kanga, wakamimina makande mpaka pembeni, na maziwa mgando juu. Dada yangu akashushwa kwenye mkeka, mama yako upande wake wa kulia, mimi nikaambiwa nisogee nisikae mbali kama mgeni. Tukanawa. Yeye akatangulia tonge la kwanza, akatafuna taratibu, akameza, wote tunamtazama koo.

"Chumvi imepungua," akasema.

Tukaingiza mikono.